Shajara ya mradi: mwongozo wa msafara wa ratha, sheria na polisi

Aprili, wiki ya kwanza

Kazi imeanza. Kamati ya hekalu moja la Kihindu la hapa Mombasa imeniomba niiandikie mwongozo wa Kiswahili utakaomfaa yeyote atakayeshika ukatibu wakati wa kuandaa msafara wa ratha: aanze lini, amwandikie nani, aandike nini, na siku yenyewe asimame wapi. Nakala ya pili itakwenda kituo cha polisi, kwa ajili ya askari wanaopangwa zamu pasipo kuambiwa wanakwenda kulinda kitu gani.

Kwa asiyeijua, ratha ni gari la mbao lenye kuba la kitambaa. Ndani hukaa sanamu za mungu Jagannath, kaka yake Balabhadra na dada yao Subhadra, na waumini hulivuta kwa kamba, kwa mikono yao wenyewe. Asili yake ni Puri, katika jimbo la Odisha nchini India. Huko magari ni matatu, la Jagannath likiwa na magurudumu 16, la Balabhadra 14 na la Subhadra 12. Hujengwa upya kila mwaka na kuvutwa karibu kilomita 3 hadi hekalu la Gundicha. La hapa kwetu ni moja, la magurudumu manne, na halifiki hata nusu ya yale kwa ukubwa. Lakini linapita Barabara ya Haile Selassie na Barabara ya Digo mchana wa Jumapili, na anayeijua Digo anajua maana yake: matatu, tuktuk, mikokoteni, na Markiti na watu wake.

Mpaka sasa mambo yamekwenda kwa kujuana. Mwenyekiti wa kamati, mzee ambaye sote twamwita Motabhai, alikuwa akimpigia mkuu wa kituo simu, wanakubaliana, na barua inafuata baadaye. Mwaka jana mkuu yule akahamishwa. Aliyekuja akataka karatasi, karatasi hazikuwepo, na akina mama na watoto wakakaa juani hadi alasiri wakisubiri. Aliyeuliza karatasi alikuwa na haki ya kuuliza. Ninachokataa mimi ni ibada ya watu mamia kutegemea namba ya simu iliyo kwenye kitabu cha mzee mmoja.

Aprili, katikati

Nimeanza na sheria ya nyumbani. Katiba ya 2010 inalinda uhuru wa dini katika kifungu cha 32, na inasema wazi kwamba mtu anaweza kuidhihirisha dini yake akiwa peke yake au pamoja na wenzake, faraghani au hadharani. Kifungu cha 37 kinampa kila mtu haki ya kukusanyika na kuandamana kwa amani bila silaha. Hivyo viwili ndivyo vitafungua mwongozo, kwa sababu nimeona waumini wakiingia kituoni kama waliokuja kuomba msamaha.

Utaratibu wenyewe uko katika Sheria ya Utulivu wa Umma, Sura ya 56, kifungu cha 5. Kabla ya 1997 ulilazimika kuomba leseni, na mkubwa angeweza kukunyima. Mageuzi ya mwaka ule, yaliyopatikana kwa mazungumzo ya vyama kabla ya uchaguzi, yaliiondoa leseni yakaweka taarifa. Mwandalizi anamwarifu ofisa anayesimamia kituo cha polisi cha eneo hilo, si chini ya siku 3 wala si zaidi ya siku 14 kabla ya tarehe. Taarifa inataja majina kamili na anwani ya mwandalizi, tarehe, saa, na njia itakayopitwa. Ofisa anatakiwa kuwa na daftari la taarifa zote alizopokea, na daftari hilo si siri. Ikiwa kuna mwingine aliyetangulia kwa siku, saa na mahali hapohapo, anamjulisha mwandalizi kwa maandishi. Msafara ambao taarifa yake imetolewa hauzuiwi kwa sababu tu mkubwa hakupendezwa nao. Lazima pawe na hatari ya wazi na ya karibu ya kuvunjika kwa amani.

Kuna mambo mawili ambayo kamati haikuyajua, na mwongozo utayaweka mbele kabisa.

La kwanza ni saa. Msafara lazima uwe kati ya saa kumi na mbili asubuhi na saa kumi na mbili jioni. Kwa ratha si tabu. Kwa wanaompeleka baharini Ganesh, mungu mwenye kichwa cha tembo, ni tabu kubwa, maana watu hupenda kuitosa sanamu jua linapozama. Mkutano wa ibada uwanjani haubanwi hivyo, kwa kuwa sheria imeutenga mkutano wa dini na mikutano ya hadhara. Lakini ukitoka tu langoni ukaingia barabarani, wewe ni msafara wa hadhara, na saa zinakuhusu. Kwa hiyo garba, ngoma ya sikukuu ya Navratri, inayochezwa usiku ndani ya kiwanja ni jambo moja, na kuitoa barabarani ni jambo jingine kabisa.

La pili ni kwamba mwandalizi, au mtu aliyemweka badala yake, lazima awepo mwanzo hadi mwisho na awasaidie polisi kulinda utulivu. Miaka yote barua imekwenda kwa jina la Motabhai. Motabhai ana magoti mabovu, na msafara ukifika Digo yeye huwa ameshapelekwa nyumbani. Nimemwambia kwa adabu. Akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Mwanangu, andika jina la mweka hazina. Yule anatembea." Mweka hazina ni mama wa miaka arobaini na kitu, mwenye sauti inayosikika upande wa pili wa barabara. Jina lake ndilo litakalokwenda.

Binamu yangu wa Tanga ameuliza kwao ikoje. Tanzania bara ni Sheria ya Jeshi la Polisi na Polisi Wasaidizi, Sura ya 322, kifungu cha 43: taarifa ya maandishi saa 48 kabla. Nitaweka kisanduku kimoja kwa ajili yao, basi.

Mei, mwanzoni

India imenichukua muda mwingi kuliko nilivyopanga, na siujutii. Sheria za India zilitumika hapa pwani tangu 1897. Kanuni ya Adhabu ya India ndiyo iliyohukumu watu wa Mombasa hadi 1930. Huwezi kuielewa polisi yetu na misafara bila kupitia huko.

Sheria ya Polisi ya India ya 1861 ingali na meno. Kifungu chake cha 30 kinampa mkuu wa polisi wa wilaya mamlaka ya kuelekeza mwenendo wa misafara barabarani, njia itakayofuata na saa zake, kudai leseni pale inapohofiwa amani itavunjika, na hata kupanga kiasi cha muziki utakaopigwa barabarani wakati wa sherehe. Kifungu cha 30A kinamruhusu kuusimamisha msafara uliokiuka masharti. Pembeni kuna amri ya dharura ya hakimu ya kuzuia mikusanyiko, iliyojulikana miaka mingi kama kifungu cha 144. Tangu 1 Julai 2024 iko katika kifungu cha 163 cha sheria mpya ya mwenendo wa jinai.

Hukumu iliyo mzizi wa yote haikuhusu Wahindu. Ni kesi ya Manzur Hasan dhidi ya Muhammad Zaman, iliyoamuliwa 1924 na Baraza la Faragha la Mfalme mjini London, lililokuwa rufaa ya mwisho ya himaya. Washia wa mji wa Aurangabad, katika Mikoa ya Muungano ya India ya wakati huo, walikuwa na msafara wao wa maombolezo, wakisimama mahali mahali kufanya matam, yaani kujipiga kifua kwa huzuni, na Wasunni wakapinga wasisimame karibu na msikiti wao. Baraza likasema kwamba ipo haki ya kuendesha msafara wa dini katika njia kuu pamoja na ada zake zinazostahiki, mradi amri za mamlaka za kupanga magari, maelekezo halali ya mahakimu, na haki za wapita njia wengine ziheshimiwe. Tangu hapo mahekalu ya India yamekwenda mahakamani yakishika hukumu iliyopatikana kwa jasho la Washia. Nilipomsomea Motabhai hapa ofisini, alitaka nirudie. Mombasa tunaiona Ashura, msafara wa Washia, ikipita kila mwaka. Anayeilinda ile ndiye anayeilinda hii.

Mwaka 1972, katika kesi ya Himat Lal Shah dhidi ya Kamishna wa Polisi wa Ahmedabad, Mahakama ya Juu ya India ilisema serikali inaweza kuratibu mikutano barabarani, lakini haiwezi kumpa ofisa mamlaka ya kukataa yasiyo na mwongozo wowote. Kanuni iliyofanya hivyo ikabatilishwa. Na Mei 2021 Mahakama Kuu ya Madras iliamua mgogoro wa kijiji cha V. Kalathur, wilaya ya Perambalur, Tamil Nadu, ambako wakazi Waislamu, waliokuwa wengi, walipinga misafara ya hekalu kupita mitaa fulani. Mahakama ikasema wingi wa watu wa dini moja mtaani si sababu ya kuwazuia wa dini nyingine kupita barabara ya umma. Majaji walionya kwamba hoja hiyo ikikubaliwa, walio wachache kila mahali India wangefungiwa njia, wakiwemo Waislamu wenyewe.

Hilo ndilo ninalotaka afande asome. Mtu akija kituoni kusema "wakipita hapa patachafuka", kazi ya kwanza ya polisi ni kumshughulikia anayetishia kuchafua. Wakianza kumzuia anayepita, basi kila mwenye fujo amepewa ufunguo wa barabara.

Mei, mwishoni

Wiki nzito. Nimekuwa nikisoma kuhusu vifo, na nimeamua sehemu hii itakuwa ndefu kuliko zote katika mwongozo.

Kalimedu, wilaya ya Thanjavur, Tamil Nadu, alfajiri ya 27 Aprili 2022. Gari la hekalu likiwa linageuzwa barabarani, sehemu yake ya juu iligusa waya wa umeme mkubwa. Watu 11 walikufa, wakiwemo watoto. Hapakuwa na ugomvi wala jiwe lililorushwa, ni waya tu.

Hekalu la Puttingal, Paravur, wilaya ya Kollam, Kerala, 10 Aprili 2016. Fataki ziliwasha ghala la baruti, na watu zaidi ya 100 wakafa. Uongozi wa wilaya ulikuwa umekataa kutoa kibali cha mashindano ya fataki, na yalifanyika hivyo hivyo, mbele ya umati na mbele ya askari. Karatasi ya kukataa ilikuwepo, na haikumwokoa mtu, kwa kuwa hakuna aliyesimama kuitekeleza. Nimeisoma habari hii mara nyingi na bado inanikera. Kibali kilichonyimwa kisha kikaachwa kipuuzwe ni hatari kuliko kutokuwa na sheria, maana kila mmoja anadhani mwenzake ameshughulikia.

Puri, 29 Juni 2025. Karibu na hekalu la Gundicha, alfajiri, umati ulibanana na watu 3 wakafariki. Malori yaliyobeba vifaa vya ibada yalikuwa yameingia palipojaa watu. Serikali ya jimbo iliwahamisha mkuu wa wilaya na mkuu wa polisi.

Na Puri hiyo hiyo, 2020, wakati wa korona. Tarehe 18 Juni Mahakama ya Juu ilizuia sherehe nzima. Tarehe 22, siku moja kabla, ikairuhusu kwa masharti: amri ya kutotoka nje mjini, njia zote za kuingia Puri zifungwe, kila gari livutwe na watu wasiozidi 500 waliopimwa na kukutwa hawana ugonjwa, na pawe na saa moja kati ya gari na gari. Magari yakavutwa barabara ikiwa tupu. Naitumia kesi hii kuonyesha kwamba kati ya "ndiyo" na "hapana" pana nafasi kubwa, na aliye makini hukaa hapo akapanga.

Juni, mwanzoni

Tumeitembea njia. Mweka hazina, fundi aliyelijenga gari, kijana mmoja wa kujitolea na mimi, asubuhi ya Jumapili kabla Markiti haijachangamka. Fundi alikuja na mwanzi uliofungwa utepe mwekundu kwenye urefu wa ratha kuba likiwa wima, na utepe wa buluu kuba likiwa limeshushwa. Tulikuwa tukiusimamisha kila palipo na waya unaokatiza barabara.

Haile Selassie yote ni salama. Kwenye kona ya kuingilia Digo kuna kifungu cha nyaya nyeusi, za simu na intaneti nadhani, zimelegea hadi chini ya utepe mwekundu. Mbele kidogo kuna waya mmoja wa umeme unaokwenda kwenye duka, uliopita juu ya utepe mwekundu kwa kiasi cha mkono. Fundi aliutazama muda mrefu, akasema: "Huu mwanzi haupepei. Kuba linapepea." Tukaamua papo hapo: kuba lishushwe kabla ya kona, lisipandishwe tena hadi Barabara ya Nkrumah. Kamba ya kulishushia itashikwa na mtu mmoja anayejulikana kwa jina, na hatavuta gari. Kampuni ya umeme tumeiandikia ituangalizie waya ule.

Mambo mengine tuliyoyaandika tukitembea: shimo upande wa kushoto mbele ya duka la vitambaa, linalotosha gurudumu, mahali pawili ambapo gari la wagonjwa linaweza kuingia, na uchochoro ambao umati ukibanana watu wanaweza kutokea. Kamba ya kuvutia itakuwa na watu wa kamati pande zote mbili wakizuia watoto wasipite chini yake. Ratha haina breki ya kuaminika, kwa hiyo nyuma ya kila gurudumu atatembea mtu na kabari ya mbao.

Hayo yote sasa ni kiambatisho cha taarifa kwa polisi. Sheria haikuyadai. Lakini afande akipewa ramani yenye alama za waya na shimo, anajua pa kumweka askari, na mazungumzo yanakuwa ya kazi.

Juni, siku mbili baadaye

Suala la ngoma na msikiti. Njiani kuna msikiti mmoja, na kamati ilikuwa na wasiwasi kuutaja kwenye karatasi. Nimesisitiza utajwe, na tumekwenda kumwona imamu kabla ya kwenda kituoni.

Nilijiandaa kwa kusoma ya Singapore. Huko msafara wa Thaipusam, sikukuu ya Wahindu wa Kitamil, hutoka hekalu la Sri Srinivasa Perumal, Serangoon Road, hadi Sri Thendayuthapani, Tank Road. Ala za muziki zilipigwa marufuku katika misafara mwaka 1973, kwa hofu ya fujo. Februari 2015 palitokea purukushani kati ya polisi na wanaume kadhaa kuhusu ngoma. Mwaka uliofuata serikali ikaruhusu muziki wa ala katika sehemu tatu maalumu njiani. Marufuku ya miaka arobaini na zaidi naiona nzito mno kwa ibada ambayo ngoma ni sehemu yake, lakini wazo la sehemu maalumu nimelichukua: ngoma ipigwe mahali panapojulikana, na kwingineko watu waimbe kwa midomo na matoazi.

Imamu alitukaribisha barazani, kahawa ikaja. Mweka hazina akamweleza saa: kuondoka saa nane mchana, kupita msikitini saa nane na nusu, yaani baada ya Adhuhuri na kabla ya Alasiri. Ngoma zitanyamaza tangu duka la dawa hadi tuupite msikiti. Imamu akauliza kama gari litasimama mbele ya mlango. Hapana, mama akasema. Imamu akasema, "Basi piteni kwa amani. Sisi zefe ya Maulidi ikipita, nyinyi hufunga maduka mkatupisha. Hilo hatulisahau." Akaahidi vijana wawili wa msikiti wasimame nje wasaidie kuongoza magari.

Katika mwongozo nimeandika kwamba kunyamaza huko ni ustaarabu wa majirani, na hakupaswi kugeuzwa sharti la polisi. Waliokubaliana wenyewe hulitunza neno lao. Likiwa amri ya kituo, mwaka kesho litakuja na jingine juu yake.

Vipaza sauti ni mambo ya kaunti, chini ya kanuni za kelele za 2009. Tumeomba, tumelipa ada, tumepata.

Juni, katikati

Taarifa imefikishwa. Tulipeleka siku 12 kabla, tukiwa na nakala tatu na ramani. Mazungumzo ya mezani nayaandika kama yalivyokuwa, kwani yatakuwa mfano katika mwongozo.

"Kibali mmepata?" afande aliuliza.

"Afande, kwa kifungu cha 5 sisi tunaleta taarifa," mweka hazina akajibu. "Nyinyi mnatuambia kama kuna aliyetangulia siku hiyo, njia hiyo."

Afande akaisoma taarifa yote, akakaa kwenye ramani zaidi. Kisha akavuta daftari, akapitisha kidole. Kulikuwa na matembezi ya hisani Nkrumah asubuhi ya siku hiyo, yanayokwisha saa nne. Hayagongani na yetu. Akaandika yetu chini yake, akapiga mhuri nakala zetu, akauliza swali ambalo sikulitarajia na nililipenda sana: "Huyu wa kamba ya kuba, askari wangu atamtambuaje?" Tukakubaliana avae fulana ya machungwa. Akaahidi askari wa trafiki kwenye kona ya Digo na wengine kando ya gari, na akasema atawaita wote asubuhi ili mama awaeleze mwenyewe ratha ni nini.

Kabla hatujaondoka alituonyesha kwenye ramani kwamba sehemu ya mwisho ya njia iko chini ya kituo kingine. Siku hiyo hiyo tukapeleka taarifa huko pia. Imepokewa, lakini haijapigwa mhuri. Tumeambiwa mkuu yuko nje ya ofisi.

Hali ya mradi hadi leo

Sura za sheria ya Kenya na ya India zimekamilika na zimesomwa na wakili. Sura ya usalama wa njia imekamilika; michoro ya nyaya inachorwa upya ili isomeke ikichapishwa kwa rangi moja. Sura ya misafara ya usiku bado: watu wa Ganesh wameomba tuwatafutie namna ya kumaliza kabla ya saa kumi na mbili jioni, na tunapanga kwenda nao ufukweni kupima muda wa kutembea na kupanda kwa maji. Kampuni ya umeme haijajibu. Kwa hiyo kuba litashushwa kama tulivyoamua, wajibu wasijibu. Kesho asubuhi mweka hazina anarudi kituo cha pili kufuata mhuri, na mimi naenda naye nikiwa na nakala ya Sura ya 56.